Sifuri ya Fundi Aruna

Kule soko la Naviundu, kama kilo yako imeanza kusema uongo, ulimpelekea Aruna. Kilo ndilo jina la mizani ya soko kwa watu wa Lubumbashi, ile yenye sahani juu na uso wa duara na sindano inayozunguka, na Aruna alikuwa akizitibu tangu enzi za Wabelgiji. Kibanda chake kilikuwa na ukubwa wa kabati la nguo. Ndani yake mlienea meza, taa, springi za kila unene zilizoning'inia msumarini, na Aruna mwenyewe, mtu mwembamba mwenye kofia ya kushonwa kwa mkono na maringo ya kutosha watu wawili. Alipenda kusema kwamba katika miaka thelathini hakuna kilo hata moja iliyorudishwa kwake kwa kosa la mkono wake. Alilisema bila kuulizwa, na ukikaa naye asubuhi nzima ulilisikia mara tatu.

Lakini Aruna alikuwa na siri, na heri niitoe mapema tusije tukazungushana.

Katika masoko ya Lubumbashi mnunuzi hapokei kilo yake kavu. Anataka na matabish, yaani nyongeza, na muuzaji akijifanya kusahau atakumbushwa mbele za watu. Sasa baba yake Aruna, mzee Amisi, aliyefika kutoka Kasongo na mfuko wa bisibisi na watoto saba, alimfundisha mwanawe kwamba mizani lazima ikosee, kwa kuwa imeundwa na binadamu, na ikikosea basi ikosee upande wa mnunuzi. Mungu amewaonya wanaopunja, alisema mzee, wanaozidisha hakuwaonya. Ndiyo maana katika kila kilo iliyopita mikononi mwa Aruna, sindano haikulala katikati ya alama ya sifuri. Ililala ukingoni, nyuma kidogo, kiasi cha unene wa unywele mmoja. Alama yenyewe ni nene, jicho halioni kitu. Ila muuzaji alilazimika kuongeza gramu kumi za unga kabla sindano haijafika kwenye kilo moja. Gramu kumi kwa kila kipimo, kila siku, soko zima. Ilikuwa sadaka kubwa sana, na yote ilitoka katika unga wa watu wengine.

Wauzaji hawakujua. Hata mkewe Sofia, aliyeuza ndakala, yaani dagaa wakavu, na unga wa mahindi hatua hamsini kutoka kibandani, hakujua.

Ndipo akaja Mwenze. Ilikuwa mwaka 1976, miaka miwili baada ya timu yetu ya taifa kwenda Ujerumani na kufungwa magoli ambayo sina haja ya kuyahesabu hapa. Citoyen Mwenze, yaani Mwananchi, kama tulivyoitana enzi hizo, alifundisha fizikia kwenye kampasi ya chuo kikuu, kijana wa abacost, koti lisilovaliwa na tai, iliyopauka kwa kufuliwa na kalamu nne mfukoni. Alikuwa amesimama kwa Sofia kununua ndakala, akaona jinsi sindano ya kilo ilivyopanda na kusimama wima bila kutetemeka, akasahau ndakala. Akauliza nani aliyeitengeneza. Sofia akaonyesha kibanda kwa kidevu, maana mikono ilikuwa na kazi.

Shida ya Mwenze ilikuwa hivi. Ukiyeyusha shaba na risasi katika chungu kimoja, haviko tayari kukaa pamoja. Risasi ni nzito zaidi, inazama chini, shaba inabaki juu, na kikipoa unapata vitu viwili badala ya kimoja. Lakini mahali pasipo na uzito hakuna wa kuzama wala wa kuelea. Huko Ulaya kulikuwa na watu waliojiandaa kurusha roketi juu sana na kuiacha ianguke yenyewe, na muda wote inapoanguka, kila kilichomo ndani hakina uzito. Walikuwa na nafasi moja ndogo kwa jaribio kutoka nje. Mwenze alitaka nafasi hiyo iwe ya Lubumbashi, mji uliojengwa juu ya shaba. Wazungu hao hawakukataa. Walisema tu kwamba uzito hauishi wote. Daima unabaki kidogo, wa mtikisiko au wa upepo, na huo kidogo unaweza kuharibu kazi nzima. Kwa hiyo anayetaka kupanda roketi yao aonyeshe kwanza kwamba anajua kuupima uzito uliobaki, mpaka sehemu moja katika mia.

Aruna alisikiliza yote hayo akiwa na springi mdomoni. Akaitoa.

“Kama uzito haiko, utapima nini?”

“Njo ile, Papa Aruna,” Mwenze alisema. “Nataka kupima kama kweli haiko.”

Mtu mwingine angecheka. Aruna alifunga kibanda saa nne ya asubuhi, jambo ambalo halijawahi kutokea, akaenda nyumbani, akalitoa godoro la kitandani akaliweka uani, kisha akapanda juu ya paa akiwa na kilo ya akiba ya mkewe na kipande cha chuma alichokifunga kwenye sahani. Akaiachia. Kilo ilipokuwa hewani, sindano iliruka kutoka kwenye uzito wa chuma mpaka kwenye sifuri, ikakaa hapo mpaka godoro lilipoipokea. Aliirudia mara sita, akicheka peke yake huko juu. Sofia alirudi kuchukua magunia akamkuta katika hali hiyo. Alimwambia kwamba kuna wanaume wanaopotewa na akili kwa kuoa mke wa pili, lakini wa kwake ameanza kabla hata ya posa.

Kazi ilichukua wiki tatu. Chombo kilikuwa na kipande cha shaba nyeupe, kikubwa kama kifundo cha kidole gumba, kilichoshikwa katikati ya springi mbili. Kipande hicho kilibeba sindano, na ncha ya sindano ilikwaruza kioo kilichofukizwa moshi wa taa, huku mashine ya saa ya mezani ikikivuta kioo polepole. Chombo kikisimama tu, uzito unavuta kipande chini na mstari unachorwa kwenye alama ya mia. Chombo kikianguka, mstari unatakiwa kuruka mpaka kwenye sifuri na kutulia. Alama ya sifuri Aruna aliichonga kwa mkono wake. Zile alama mia Mwenze alizipanga mwenyewe kuanzia hapo.

Siku ya kukikabidhi, Mwenze alitoa lenzi mfukoni. Alitaka kukilaza chombo ubavu, uzito usikivute kipande, na kuitazama ile sifuri kwa karibu. Aruna akamwangalia. Hakugomba, alisema tu kwa sauti ya chini kwamba kwa miaka thelathini hakuna kilo iliyorudishwa kwake. Mwenze alikuwa mtoto aliyelelewa vizuri, na mtoto aliyelelewa vizuri hamkagui mzee mbele ya macho yake. Akairudisha lenzi mfukoni, akashukuru kwa mikono miwili. Hivyo kosa likaingia kupitia mlango wa adabu.

Mahali pa kuangushia palikuwa shimo la mgodi wa zamani nje ya mji, lililofungwa siku nyingi. Mlinzi wake alikuwa Kapya, mchimbaji mstaafu, mtu aliyezungumza na shimo lile kama mwingine anavyozungumza na mbuzi wake. Kutoka mdomoni mpaka kwenye sakafu ya mbao palikuwa mita ishirini kavu, na kitu kinazianguka kwa sekunde mbili. Mwenze alitengeneza sanduku ndani ya sanduku: la nje lipigane na hewa, la ndani lenye chombo lianguke katika utulivu bila hata kujua kwamba kuna upepo. Kulipokea chini walihitaji kitu laini. Sofia akawaombea wauza unga wenzake magunia matupu arobaini, yakajazwa randa za maseremala, na wanawake wakatoa sharti moja, kwamba watayafuata wenyewe siku ya mwisho na wataonyeshwa yalikokwenda.

Mpimaji wa watu wa roketi kutoka Ulaya alishuka uwanja wa ndege wa Luano siku ya Jumatano. Aliitwa Madame Brunner, mwanamke mrefu asiyependa maneno mengi, na alikuwa Mswisi. Aruna aliposikia Uswisi alikwenda kufua kofia yake na kuipiga pasi. Huko ndiko saa zinakozaliwa, alimwambia Sofia, na sauti yake haikuwa na maringo hata kidogo.

Alhamisi mchana wakaliangusha. Kapya alikata kamba, sanduku likapotea, kukasikika mshindo wa magunia, kisha wakalivuta juu kwa kapi. Mwenze akatoa kioo, akakielekeza kwenye mwanga. Aruna alikuwa nyuma yake, akamwona shingo ikikakamaa.

Mstari ulikuwa mzuri. Uliruka kutoka mia, ukanyooka, haukutetemeka hata mahali pamoja. Lakini haukulala kwenye sifuri. Ulikuwa umepita, umelala alama mbili upande wa pili, mbili chini ya hakuna. Kama ungebaki mbili upande wa huku, wangesema ni hewa, inalizuia sanduku. Upande wa kule maana yake ni nyingine kabisa: kwamba sanduku lilianguka kuliko kuanguka kwenyewe, kana kwamba kuna mtu aliyekuwa akilisukuma chini.

“Hii shimo iko na mwenye yake,” Kapya alisema, na wala hakuonyesha kushangaa. “Miye nilibaambia.”

Madame Brunner hakucheka. Alisema kwa Kifaransa, na Mwenze akatafsiri kwa shida, kwamba hawezi kuwapelekea wenzake kitu kinachoanguka kuliko kuanguka. Ndege yake ingeondoka Jumamosi alasiri. Kama kosa litapatikana kabla ya hapo, vizuri. Lisipopatikana, nafasi kwenye roketi itapewa watu wa mji mwingine.

Aruna alikuwa ameshajua. Aliutambua ule unywele pale pale, kama mtu anavyotambua mwandiko wake. Hakuwa amekusudia. Mkono wake uliiweka sifuri ukingoni kama ulivyofanya miaka yote, bila kumuuliza mwenyewe. Na sasa ilibidi aseme. Lakini akisema, ataulizwa mkono huo ulijifunzia wapi, na jibu litafika sokoni kabla yeye hajafika. Wauzaji wote wa Naviundu, na wengine mpaka mtaa wa Hewa Bora, watajua kwamba fundi wao amekuwa akigawa mali yao kwa miaka thelathini. Nani atampelekea kilo tena? Tena kulikuwa na Sofia, na hilo lilimtisha kuliko yote. Akanyamaza.

Ijumaa baada ya sala alikwenda shimoni, akijiambia kwamba anakwenda kusalimu tu. Alimkuta Mwenze ameketi chini katikati ya mbao, masanduku yote mawili yamefumuliwa, vidole viwili vimefungwa kitambaa. Macho yalikuwa mekundu.

“Nimetafuta fasi yote, Papa,” Mwenze alisema. “Mu sanduku, mu kamba, mu ndoano. Kintu moja tu sikuigusa, ni mashine yako. Ile najua haina na kosa.”

Aruna angependa zaidi kupigwa kofi. Alirudi nyumbani kwa miguu njia nzima, na usiku ule aliiacha bukari, ugali wa kwao, kwenye sahani. Sofia akamuuliza kama anaumwa, akasema ni joto, na ilikuwa mwezi wa sita, wakati hata mbwa wa Lubumbashi wanatafuta jua.

Jumamosi asubuhi wanawake walifika kufuata magunia yao. Walikuwa tisa, wamevaa vitenge vizuri kama watu wanaokwenda harusini, mbele yao Mama Bwalya, mkubwa wa wauza unga, na Sofia kando yake. Wakajipanga kwenye ukingo wa uzio wasubiri kuonyeshwa ile ajabu. Madame Brunner alikuwa akitazama saa. Mwenze akamsogelea, akasimama wima kama mwanafunzi, akaanza kueleza. Kifaransa cha Aruna kilikuwa cha bisibisi na misumari, lakini maneno “ma faute”, kosa langu, aliyajua. Kijana alikuwa akiomba radhi kwa kosa la mwingine, na aliiomba kwa moyo safi.

Hapo Aruna akashindwa kuvumilia.

“Ngoja kwanza, Citoyen. Si faute yako. Leta mashine.”

Alikisimamisha chombo juu ya sanduku. Sindano ikakaa kwenye mia, kama siku zote. Kisha akakigeuza kichwa chini, miguu juu, akakishika hivyo hivyo kwa mikono miwili, akamwambia Mwenze asome. Kipande cha shaba kilikuwa sasa kinavutwa upande wa pili, na kama sifuri iko katikati, namba ingekuwa ile ile. Mwenze akasoma, akasoma tena. Ilikuwa mia na nne.

“Gawanya ile ine,” Aruna alisema. “Mbili huku, mbili kule. Njo mbili yako ile. Kilo ya soko hakuna muntu anaigeuzaka kichwa chini. Njo maana hakuna mwenye aliona.”

Na kwa kuwa mdomo ulikuwa umeshafunguka, akaona autumie wote. Alieleza habari za baba yake, habari za ukingo wa alama, habari za gramu kumi. Hakumweleza Mswisi. Aliwageukia wale wanawake tisa akawaeleza wao, kofia mkononi. Mwenze alimtafsiria Madame Brunner huku masikio yakimuwaka. Kapya peke yake alionekana kusikitika, kwa kuwa shimo lake limenyang'anywa mzimu wake.

Wale wengine wanane wakamgeukia Sofia. 

Aliyesema ni Madame Brunner, na kwa mara ya kwanza alisema mengi. Kosa likijulikana, alisema, si kosa tena, ni hesabu. Unaongeza mbili kila mahali na mstari wa Alhamisi unalala kwenye sifuri, na kwa kweli hajawahi kuona mstari uliotulia kama ule kutoka katika shimo la mgodi. Lakini kuna jambo moja. Lazima ajue kwamba ule unywele ni ule ule daima, haubadiliki leo hivi na kesho vile. Neno la mtu halitoshi, hata awe mwaminifu namna gani. Je, fundi ana kazi nyingine alizozifanya kwa mkono huo huo?

Mwenze akatafsiri. 

“Iko tisa yetu ku soko,” Sofia alisema. “Ya kwanza ni yangu.”

Wakapanda wote kwenye Land Rover ya kampasi na lori la magunia, wakaenda Naviundu. Sofia alikaa mbele ya mumewe, akatazama nje njia nzima. Hakumgombeza, hakumuuliza, na Aruna aliyekuwa amejiandaa kwa matusi hakujua aweke wapi mikono.

Sokoni Mwenze alifungua kijisanduku cha mahameli chenye mawe ya kupimia ya maabara, ya shaba nyeupe inayong'aa, na Madame Brunner akaketi kwenye kigoda cha Mama Bwalya na daftari lake. Kilo ya Sofia ikawa ya kwanza. Jiwe la kilo moja kamili likawekwa, sindano ikapanda, ikasimama gramu kumi kabla. Ya Mama Bwalya nayo ilisimama gramu kumi kabla. Ikaletwa ya tatu, ya nne, na watu wakaanza kusogea, wanunuzi na vikapu vyao, wakiambizana jambo lenyewe huku wakicheka, maana hakuna habari tamu kama kujua kwamba umekuwa ukizidishiwa. Bwana mmoja aliuliza kwa adabu kama mambo hayawezi kuachwa yalivyo. Ya tisa ilikuwa kongwe, rangi yote imetoka, Aruna aliitengeneza wakati mji bado unaitwa Elisabethville. Gramu kumi.

Madame Brunner aliandika namba ile ile mara tisa, akaweka kalamu. Kisha akaomba aone mkono wa fundi. Aruna akaunyoosha, na yule mama akaushika, akautazama kiganja na vidole kama daktari. Akasema kwamba kwao anawajua mafundi wa saa wenye majina makubwa, na hajui hata mmoja anayeweza kurudia unywele mmoja mara tisa katika miaka thelathini. Jaribio la shaba na risasi litaandikwa kwenye orodha ya roketi. Na anahitaji chombo cha pili kama kile, tafadhali, ila hiki sifuri iwe katikati. Mwenze alipofika mwisho wa tafsiri hiyo akamkumbatia Aruna mbele ya soko zima, kalamu nne zikamchoma mzee kifuani. Saa nane Land Rover ikaondoka kwenda Luano, kioo kimefungwa katika pamba juu ya mapaja ya Madame Brunner.

Aruna alipaswa kufurahi, na kwa kweli alifurahi, kwa muda wa vumbi la gari kutulia. Kisha akageuka, akawakuta wale wanawake bado wamesimama.

Mama Bwalya ndiye aliyetoa hukumu. Alisema kwa miaka yote hiyo wamekuwa wakijiuliza kwa nini gunia la kilo hamsini likiuzwa halitoi kilo hamsini. Wamewatuhumu panya. Wameleta paka. Yeye binafsi amegombana na mwenye kinu mpaka hawasalimiani, na kesho itabidi aende kwake na kuku. Kwa hiyo kilo zote tisa zirudishwe kwenye ukweli leo hii, hapa hapa, mchana kweupe, na kila mnunuzi atakayelalamika Aruna mwenyewe atamweleza kwa mdomo wake. Lakini fundi mwingine hawamtaki. Kama anaweza kukosea sawasawa namna ile, alisema Mama Bwalya, basi akiamua kupatia atapatia.

Aruna aliinamisha kichwa, akakubali yote. Akachukua bisibisi, akaanza na ya Sofia, akapiga goti mbele ya meza ya ndakala. Sofia alikuwa amesimama upande wa pili, mikono kifuani. 

“Baba Zabibu,” alisema, akimwita kwa jina la mtoto wao. “Ulifikiri mi ningekatala?”

Aruna hakuinua macho. “Niliogopa.”

“Miaka makumi mbili na munane tunalala mu nyumba moja. Ungeniuliza tu. Ningekubali.”

Katika mambo yote aliyoyasikia siku ile, ya Mswisi na ya Mama Bwalya, hili ndilo lililomwingia. Alikuwa ameutoa unga wa mkewe kwa maelfu ya watu asiowajua, na hata siku moja hakuwahi kufikiri kwamba mkewe naye ana moyo wa kutoa. Aliona aibu mpaka macho yakamlowa, akayapangusa kwa kofia, asijali nani anamtazama.

“Basi leo nakuuliza,” alisema. “Sindano niiweke wapi?”

Wanunuzi wakasogea. Yule bwana mwenye adabu akanyoosha shingo kwa matumaini, akionyesha kwa kidole kwamba ikae pale pale ilipo. Sofia hakuharakisha. Alipangusa unga kwenye uso wa kilo yake kwa ncha ya kitenge, akaitazama alama ya sifuri kama mtu anayeiona kwa mara ya kwanza.

“Iweke mu katikati kabisa,” alisema. “Ile ingine nitaitoaka miye mwenyewe, na bantu bajue ni Sofia anabapatia.”

Aruna akaingiza bisibisi. Kwa mara ya kwanza tangu baba yake amfundishe kazi, mkono wake uliitafuta katikati, na sindano ikapita, ikarudi, ikapita tena. Sofia akaizunguka meza, akapiga goti kando yake, akamshikia kilo isitikisike mpaka alipomaliza.